Jikoni na Shangazi: Mboga za kuoka za pilipili zimewatoa jasho

Jamani, toleo lililopita nilitoa koliflawa ya kuoka yenye gochujang, ile pasta nyekundu ya pilipili ya Wakorea, nikajua watu watapika wale wapumzike, kumbe nimejichokoza mwenyewe, meseji zimemiminika mpaka leo hazijakoma. Wengine mmetuma na picha, na picha nyingine Mungu anaziona.

Kwa mliokosa toleo ilikuwa hivi: koliflawa moja kubwa ya kama kilo unaikata vishada, unaichanganya na mafuta ya kupikia vijiko vikubwa 3 na chumvi nusu kijiko cha chai, inaingia oveni ya nyuzi 220 dakika 25 hadi 30. Pembeni unakoroga mchuzi wako, gochujang vijiko vikubwa 2, soya sosi kikubwa 1, asali kikubwa 1, siki ya mchele kikubwa 1, mafuta ya ufuta kijiko cha chai, punje 3 za kitunguu saumu na kipande cha tangawizi, vimetwangwa. Mboga ikishaiva unaigaragaza kwenye mchuzi, unairudisha ndani dakika 5, unatoa, unanyunyizia ufuta na majani ya vitunguu. Kwisha. Inaliwa pembeni ya wali, samaki, kuku, chochote.

Haya, nimechagua maswali yale yaliyojirudia rudia, na mengine sababu yamenichekesha.

Shikamoo Shangazi. Nimefuata kila kitu mpaka dakika lakini koliflawa imetoka imelegea, chini ya trei kuna maji, yaani ni ya kuchemsha tu ila ina pilipili. Nilipika mbili kwenye trei moja sababu wana walikuja kuangalia mechi. Oveni yangu mbovu au? – Bachela wa Tabata

Marahaba mwanangu. Oveni yako haina kosa, umejijibu hapo kwenye wana na mechi. Koliflawa zaidi ya asilimia 90 ni maji, ikipata moto yale maji yanatoka na kugeuka mvuke, sasa ukiwa umezibananisha zinaanza kupeana mvuke zenyewe kwa zenyewe, na maji yakichemka yanaishia nyuzi 100, hayapandi hata uweke oveni 250. Almradi mboga ina unyevu juu yake inapikika kwa 100 hiyohiyo. Ile rangi ya kahawia na harufu inayofanya jirani aulize unapika nini, inaanza kuja vizuri ukivuka kama 140, ni protini na sukari za mboga yenyewe zinapokutana kwenye moto, kuna Mfaransa aliitwa Louis-Camille Maillard aliielezea hiyo kitu 1912 na wapishi mpaka leo wanaiita kwa jina lake. Kwa hiyo hutafika 140 mpaka maji yaondoke, na hayaondoki kama hayana pa kutokea.

Ndo maana mimi kwenye mboga za kuoka nasema adui ni maji, pilipili na michuzi ni mambo ya baadaye kabisa. Koliflawa ioshe mapema, asubuhi kama unapika jioni, iache kwenye chujio ikauke, kabla ya kuikata ipanguse kwa taulo safi la jikoni maana maji yanajificha kule kwenye shingo za vishada. Ikate kila kipande kiwe na upande mmoja bapa, huo bapa ndo unalala kwenye trei. Trei iingie oveni tupu ipate moto kwanza, ukimwaga mboga usikie chwaaa, usiposikia kitu toa subiri tena. Nafasi kati ya kipande na kipande iwe ya kidole kimoja. Ukiwa na koliflawa mbili ni trei mbili, na katikati ya mapishi unazibadilisha, ya juu inashuka ya chini inapanda. Usifunike na foili. Na uache mkono, dakika 15 za kwanza usigeuze kitu, kisha nyanyua kimoja kwa uma ukiangalie chini, kikiwa na rangi ya karanga iliyokaangwa ndo ugeuze vyote, kikiwa bado cheupe funga mlango uendelee na mechi yako.

Oveni zenye feni punguza nyuzi 20. Wenye eafraya (maana mmeuliza wengi) weka 200, dakika kama 15, lakini nusu ya koliflawa kwa wakati, kile kikapu kukijaza ni kosa lilelile la Tabata.

Shangazi mimi niko Lindi, ufuta kwetu si shida, basi nikaokea mafuta ya ufuta yenyewe badala ya mafuta ya kupikia na mchuzi nikaupaka tangu mwanzo ili uingie vizuri. Nyumba imejaa moshi, mboga nyeusi, chungu. Mume wangu kala kwa heshima tu. – Mke wa Mtu

Mpe pole na hongera huyo mume. Umepigwa na vitu viwili kwa mpigo. Mchuzi una asali, gochujang nayo ina utamu wake mwingi, na sukari kwenye 220 kwa nusu saa inaungua, haina mjadala, kitunguu saumu kilichotwangwa ndo kinatangulia kuwa mkaa kabla hata ya sukari. Mchuzi ni wa mwisho. Dakika 5, tena unasimama hapohapo kwenye kioo, ukiona mapovu madogo yanachemka pembezoni na mchuzi unaanza kung'ata mboga, toa. Hauhitaji "kuingia", mboga iliyokauka vizuri ikiwa ya moto inaunyonya yenyewe.

La pili, mafuta ya ufuta wanayotumia Wakorea, Wajapani na Wachina kwenye mambo haya ni ya ufuta uliokaangwa kwanza ndo ukakamuliwa, yana rangi ya chai ya rangi, ni ya harufu, yanawekwa mwisho kwa matone, yakipigwa moto mkali harufu yote inaondoka yanabaki uchungu. Kuokea tumia alizeti au mafuta mengine yaliyosafishwa. Ila nawaonea wivu watu wa Lindi na Mtwara, Tanzania ni kati ya wazalishaji wakubwa kabisa wa ufuta duniani na mzigo mwingi unapakiwa kwenda China, India na Japani, halafu sisi tunakuja kununua kichupa cha mililita 150 kwa bei ya kuku. We kaanga ufuta wako kavu kwenye kikaango, moto mdogo, mpaka uanze kurukaruka, twanga nusu nusu, nyunyizia juu. Harufu ni ileile na hujatoa hela.

Sina oveni. Nina gesi ya plate mbili na jiko la mkaa. Nimejaribu moto juu na chini kama wa mkate wa sinia, mboga zikaiva lakini laini sana. Je hii ni ya wenye oveni tu? – Mama Mwenye Genge, Mwanza

Wala si ya wenye oveni dada yangu, na nikuambie kitu, nyumba nyingi China hazina oveni, jiko la Kichina ni karai, moto mkali na kikapu cha kupikia mvuke. Kuoka kwenye oveni hizi mboga ni namna ya watu wa mijini wa siku hizi, Ulaya na Marekani hasa, ladha ndo ya Asia.

Moto juu na chini kwa mkate ni sawa maana mkate unataka ule unyevunyevu ndani ya sufuria, lakini mboga ukishaifunika na mkaa juu umeufungia mvuke, tumerudi kwa bachela wa Tabata. Fanya moja kati ya haya mawili.

Kwanza maharage mabichi, yale membamba ya kijani yanayoliwa na maganda. Sichuan, jimbo la China, wanayapika bila mchuzi, wanaita gan bian, kukaanga mpaka yakauke. Osha, kausha haswa, kata ncha. Karai lipate moto, mafuta vijiko vikubwa 3, mwaga maharage moto wa juu kidogo ya wastani, geuza geuza dakika 8 mpaka 10, utaona ngozi inajikunja na kutoa malengelenge yenye madoa ya kahawia. Usitoe mapema sababu ni ya kijani na yamependeza, maharage yakiwa hayajaiva yana sumu ya asili inaitwa lektini inayotapisha watu, yaive kabisa ukitafuna yasilie kachu. Yatoe. Kwenye karai hilohilo mafuta kijiko kimoja, pilipili kavu nzima tano sita, saumu, tangawizi, sekunde chache tu moto wa chini zisiungue, rudisha maharage, soya sosi kijiko kikubwa, sukari chembe, tingisha, epua.

Pili biringanya, na hapa jiko lako la mkaa linaishinda oveni yangu. Weka nzima juu ya makaa, na ngozi yake, Wahindi wanafanya hivyo kwa baingan bharta (biringanya yao ya kuponda) na Wachina wauza nyama choma za usiku nao wanachoma biringanya nzima kwenye makaa. Itoboe kwa uma isipasuke, igeuze mpaka ngozi iwe nyeusi yote na yenyewe ianguke imelegea. Ipasue katikati, au umenye ngozi ukitaka, ichane chane kwa uma na umwagie ule mchuzi wa gochujang uliochemshwa dakika moja kwenye kisufuria. Mafuta haitaki karibu kabisa, na wote mlioandika kulalamika kuwa biringanya ya kukaanga inakunywa mafuta chupa nzima jibu lenu ni hilohilo.

Asalaam aleikum Shangazi. Nimeiona gochujang supamaketi hapa Mombasa, kusoma nyuma nikakuta alkoholi kwenye viungo, nikairudisha shelfuni. Ni halali kweli? Na kama naiacha nitumie nini? – Binti wa Kisauni

Waaleikum salaam ukhti, umefanya vyema sana kusoma, wengi hatusomi.

Gochujang yenyewe asili yake ni unga wa pilipili, mchele wa kunata, soya iliyochachushwa ikakaushwa na kusagwa (wanaiita meju), na chumvi. Inaachwa ichachuke, zamani na mpaka leo kwa wanaofanya kienyeji ni kwenye mitungi mikubwa ya udongo inakaa nje juani miezi kwa miezi, Korea Kusini kuna sehemu inaitwa Sunchang inasifika kwa hiyo tu. Kuchachuka huko kwenyewe kunaleta alkoholi kidogo ya asili, soya sosi nayo vilevile. Lakini unayoiona kwenye lebo mara nyingi ni ile kiwanda kimeongeza makusudi ili pasta isiendelee kuchachuka kopo likavimba dukani. Sasa hukumu yake mimi si sheikh, wapo wanaotofautisha hiyo ya asili na iliyoongezwa, muulize unayemwamini. Njia isiyo na kichwa kuuma ni kutafuta kopo lenye alama ya halali, viwanda vya Korea vinavyouza Malaysia na Indonesia vinayo, na makopo hayo yanafika mpaka huku na Ghuba, usiishie duka la kwanza.

Ila mirin, hiyo iliyoko kwenye mapishi mengi ya Kijapani, ni mvinyo mtamu wa mchele wenye alkoholi kama asilimia 14, hiyo weka pembeni moja kwa moja, siki kidogo na sukari kidogo inafanya kazi yake.

Ukiamua kuacha gochujang kabisa: pilipili ya unga ya Kashmiri vijiko vikubwa 2 (ipo maduka yote ya Kihindi, ina rangi kubwa kuliko ukali), nyanya ya kopo nzito kijiko kikubwa, sukari guru kijiko kikubwa, soya sosi kijiko kikubwa, rojo la ukwaju kijiko cha chai, saumu, maji kidogo, pika moto mdogo dakika 3 nne mpaka ing'ae. Gochujang haitakuwa, ule ukakasi wa kuchachuka haudanganyiki, lakini kwa koliflawa na boga mi naona ukwaju unakaa vizuri pengine kuliko hata siki ya mchele, na Wakorea wakinisikia shauri yao.

Niaje Shangazi, hii si ni gobi manchurian tu mmeibadilisha jina? – Mlaji wa Ngara

Poa. Hapana bana. Manchurian koliflawa inachovywa kwenye rojo la unga inazamishwa kwenye mafuta, halafu mchuzi wa soya na nyanya na saumu, ni chakula cha Wachina wa India, Kolkata walikaa miaka mingi. Anayetajwa kuanzisha ni mpishi Nelson Wang, mzaliwa wa hukohuko Kolkata, Mumbai 1975, alianza na kuku, koliflawa ikafuata kwa wasiokula nyama, na ukienda Manchuria yenyewe, kule kaskazini mashariki ya China, ukaiulizia watakushangaa. Tamu sana lakini. Ukitaka ya oveni pakaza koliflawa kavu kornflawa vijiko viwili pamoja na mafuta kabla ya kuoka, itapata ukoko, haitafikia ya kuzamisha.

Shangazi, hapa Bujumbura tuna pilipili zetu za mbuzi, gochujang bei yake hapana. Nikiziweka hizo kiasi kilekile, vijiko viwili, itakuwaje? Nina watoto wadogo pia. – Mama Mapacha

Itakuwa ambulansi, mama. Usifanye.

Pilipili za Kikorea ni za kistaarabu. Kuna kipimo cha ukali wa pilipili alikianzisha mfamasia Mmarekani Wilbur Scoville, nacho ni cha 1912 (mwaka uleule wa yule Mfaransa wa rangi ya kahawia, sijui walikuwa wanakula nini), pilipili ya Kikorea inasimama kwenye elfu chache tu, wakati pilipili mbuzi ni ukoo mmoja na habanero ambayo inavuka laki moja. Ndo maana Mkorea anaweza kula vijiko na vijiko, kwake pilipili ni rangi na utamu na chumvi kwa pamoja. Na zote hizi shina lao moja, Amerika, kabla ya Wareno na wenzao kuzunguka na meli hakuna Mkorea wala Mhindi wala Mswahili aliyewahi kuionja, maandishi ya Kichina ya mwanzo kuitaja ni ya 1591.

Kwa hiyo pilipili mbuzi tumia moja, toa mbegu na ule utando mweupe ambao ndo una ukali wenyewe, isage na pilipili hoho nyekundu mbili zilizochomwa zikamenywa, hizo ndo zinakupa ujazo na rangi. Watoto, oka mboga zote pamoja bila mchuzi, zikiiva gawa, zao wapakie asali, soya sosi na ndimu, zenu zipate moto wake. Mkono ukikuwasha baada ya kukata pilipili anza kwa kujipaka mafuta ya kula ndo uoshe na sabuni, ule ukali unayeyuka kwenye mafuta, maji matupu yanausambaza tu. Mdomoni ni maziwa.

Bibi yangu ana presha na amependa hii mboga sana, anaidai kila Jumapili. Soya sosi si chumvi tupu? – Mjukuu, Morogoro

Ni chumvi ndiyo. Kijiko kikubwa kimoja cha soya sosi ya kawaida kina sodiamu kama miligramu 900, na Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asifikie 2000 kwa siku nzima, ambayo ni chumvi pungufu ya gramu 5, kijiko cha chai kimoja hivi kwa kila alichokula tangu chai ya asubuhi. Kwenye mapishi yetu chumvi iko sehemu tatu, ile ya kuokea, soya sosi na gochujang. Ya bibi ondoa kabisa ile ya kuokea, soya sosi weka kijiko cha chai badala ya kikubwa, gochujang kijiko kikubwa kimoja, uongeze ndimu, tangawizi, saumu na ufuta, uchachu unaudanganya ulimi sana kwenye mambo ya chumvi. Na kiasi hicho ni cha watu wanne, asimalize trei peke yake. Kama ana dawa au maelekezo ya daktari hayo ndo yanatangulia, mimi ni wa jikoni tu.

Nipo Minneapolis. Mfanyakazi mwenzangu Mchina kanipa pilipili manga za kwao, nimezitwanga nikaweka kwenye koliflawa, mdomo wote ukafa ganzi na midomo ikawa inatetemeka. Nimekula sumu? – Mzee Kijana

Hahaha hapana, uko salama na umepewa zawadi nzuri. Hiyo si pilipili manga, ni huajiao, maganda ya vitunda vya mti ulioko kwenye ukoo wa michungwa na milimao, ndo maana unapotwanga inatoa harufu ya ganda la ndimu. Ganzi ni kazi ya kemikali yake inaitwa sanshuli, inachezea mishipa ya fahamu inayohisi mguso, watafiti wa University College London walitoa utafiti 2013 wakaona midomo inahisi mtetemo wa kama hertz 50, yaani mara 50 kwa sekunde, kwa hiyo hukuota, mdomo wako ulikuwa unaona unatetemeshwa kweli. Inaisha baada ya dakika kadhaa. Na huko uliko Marekani ilikatazwa kuingizwa toka 1968 mpaka 2005 kwa kuogopa ugonjwa wa michungwa, sasa hivi inauzwa wazi.

Sichuan wanaipenda ikiwa pamoja na pilipili kali, ganzi inapoza kidogo na moto unapanda polepole. Ila kipimo, kwa koliflawa nzima ni nusu kijiko cha chai. Toa zile mbegu nyeusi zinazong'aa, ni mchanga mtupu ukitafuna, maganda yakaange makavu dakika moja mpaka yanukie, twanga, chekecha, nyunyizia mwisho kabisa mboga ikishatoka.

Kutoka Muscat, bamia zangu ni za friza, je naweza kuzioka za pilipili au zitakuwa mlenda? – Um Salim

Unaweza. Usiziyeyushe, ziingie na barafu yake kwenye oveni ya 230 iliyokwisha kupata moto, dakika 10 za kwanza bila mafuta wala chumvi ili ule unyevu uondoke, ndo utoe haraka, mafuta vijiko viwili, unga wa dengu kijiko kikubwa, pilipili ya unga, bizari nzima iliyotwangwa, rudisha dakika 15. Mlenda unakuja bamia ikikutana na maji, moto mkavu unaukausha. Mchuzi wa maji maji wa gochujang usiuweke hapa, bamia iache kavu hivyohivyo na ndimu juu. Za friza hazitakuwa kakarakakara kama mbichi, lakini kwa bei ya bamia mbichi huko kwenu kuna miezi nakuelewa.

Nilitengeneza mafuta ya pilipili ya Kichina, saumu nyingi mbichi na pilipili kavu ndani ya chupa ya mafuta, natia kwenye kila mboga. Iko juu ya kabati toka mwezi uliopita, inazidi kunoga. Nimtumie na dada yangu Moshi? – Fundi, Arusha

Usimtumie dada yako, kaka. Na we mwenyewe uache leo.

Kitunguu saumu kinatoka ardhini na kinaweza kuwa na vijidudu vya botulizimu, vikiwa hewani havina shida, lakini ukivizamisha kwenye mafuta umeviondolea hewa, na joto la kwenye kabati ndo wanalolitaka, wanakaa mle wanatengeneza sumu inayopooza misuli mpaka ya kupumulia. Nimeona watu wengi wanafanya hivi na kuuza kwenye chupa nzuri nzuri, ndo maana nakujibu kwa urefu.

Mafuta ya pilipili ya kukaa kabatini yawe ya vitu vikavu tupu: pilipili kavu ya kusaga, ufuta, huajiao, nyota ya anisi, kijiti cha mdalasini. Pasha mafuta kikombe kimoja na hivyo viungo vizima moto mdogo mpaka vinukie, toa viungo, acha mafuta yapoe kidogo, jaribu tone kwenye pilipili, ikitoa povu bila kugeuka nyeusi mwaga yote juu ya pilipili na ufuta kwenye bakuli la bati au udongo. Saumu ukiitaka, menya siku hiyohiyo unapopika, au tengeneza kidogo ikae friji na iishe ndani ya siku 4. Mboga zenyewe zilizookwa na kubaki nazo ni siku tatu nne hizohizo kwenye friji, unazipasha kwenye kikaango kikavu, maikrowevu inazirudishia maji.

Ile chupa imwage yote, na usiionje kwanza kuangalia kama imeharibika, sumu hiyo haina harufu wala ladha.